Barua ya wazi kwa wahariri wakuu wa Mivumo: Wasikivu hawakununuliwa

Waheshimiwa wahariri wakuu,

Salaamu na heshima nyingi.

Ninawaandikieni hadharani kwa sababu mlango wa faragha umefungwa. Juzuu mpya ya Mivumo, mfululizo wa hadithi tunaouandika pamoja, ilipotoka niliwaandikieni, nikaandika tena, na wachangiaji wenzangu nao wakaandika. Tulichojibiwa ni kwamba hii ni hadithi ya kubuni na uamuzi umeshapita. Ninyi ndio mlioufungua ulimwengu huu na kutukaribisha ndani, na hilo silisahau. Lakini uamuzi mnaosema umepita umevunja kitu ambacho tulikijenga pamoja, na wasomaji wana haki ya kujua kilichovunjwa ni nini.

Kwa asiyeujua ulimwengu wa Mivumo, nieleze kidogo. Kule hakuna fimbo za miujiza wala hirizi. Uganga wote uko kwenye sauti. Mlio ukitoka sawasawa, maji yanapanda kilima. Ukipindwa kidogo, yanaingia nyumbani kwa aliyeuimba. Milio hiyo iko mikononi mwa Wahifadhi, wanaoipokezana kinywa kwa sikio na hawaruhusu kuandikwa hata mmoja. Aliyewabuni, mmoja wetu, alianzia kwenye siwa: zile pembe mbili zilizomo katika makumbusho ya Lamu, ya pembe ya ndovu kutoka Pate na ya shaba ya Lamu yenyewe, ambazo zamani hazikupulizwa ila kwenye shughuli za waungwana. Pembe ile ile ikipulizwa na asiyestahili ilikuwa kosa. Basi Wahifadhi wanafundisha hivyo hivyo, kwamba mlio una nguvu kwa sababu kinywa kimetawazwa.

Kisha ikaja sura ya kinu. Mwaka wa ukame, alfajiri, mama na wifi yake wanatwanga mtama, michi miwili kinu kimoja, wakipokezana. Mkubwa mkono unamuuma, kwa hiyo kila pigo la tatu linachelewa. Kule kuchelewa kunaugeuza mdundo wao ukawa mdundo wa mvua, ule ambao Wahifadhi huupiga kwa siri ndani ya kuta nne. Mvua inanyesha kwenye ua ule tu. Kuku wanakimbilia chini ya uchaga, na wanawake wawili wanasimama na michi mikononi wakitazamana. Hakuna aliyetawazwa pale. Kutokana na asubuhi ile wakazaliwa Wasikivu, watu waliouliza swali moja: je, kama nguvu imo katika mlio wenyewe, wala haimo katika kinywa cha anayeutoa?

Hilo ni swali la imani, na ndilo lililotufanya wengi wetu tuache usingizi wetu tuandike. Nayaleta sasa malalamiko yetu.

1. Mmewafanya Wasikivu kuwa vibaraka.

Katika juzuu mpya tunaambiwa, kwa aya moja tu, kwamba kiongozi wa Wasikivu alikuwa akilipwa na mfalme wa ng'ambo tangu mwanzo. Basi. Swali halijibiwi tena, kwa sababu aliyeuliza ameonekana ni mwizi. Wahifadhi nao hawana haja ya kujitetea. Mjadala uliojengwa kwa juzuu nzima nzima umefungwa kwa mfuko wa fedha.

Waheshimiwa, watu hawagombani hivyo juu ya sauti takatifu. Tazameni Urusi. Nikon alipofanywa patriaki, yaani mkuu wa Kanisa la Urusi, mwaka 1652, alianza mwaka uliofuata kusahihisha ibada zifuate desturi ya Wagiriki. Waumini waliozoea kupiga ishara ya msalaba kwa vidole viwili wakaamriwa vitatu. Aleluya iliyokuwa ikiimbwa mara mbili ikawa mara tatu. Jina la Yesu likaongezwa herufi moja. Kwa mtu wa nje haya ni mambo madogo. Kwa wao ilikuwa ni kuguswa kwa kile kinachomfikia Mungu. Mtaguso, yaani mkutano mkuu wa Kanisa, wa 1666 na 1667 ukawalaani waliokataa. Padri Avvakum, aliyekuwa sauti yao kubwa, alichomwa moto Pustozersk, mbali kaskazini, mwaka 1682. Laana ile Kanisa la Urusi liliiondoa mwaka 1971. Hesabuni wenyewe ni miaka mingapi. Upande wa Avvakum ulishikilia mpaka kufa kwa kuwa waliamini, na upande wa Nikon nao uliamini kwamba unarudisha kilicho sahihi. Angalieni pia kwamba pale mageuzi yalitoka juu na wanyonge ndio waliolinda ya kale. Utajiri wa kisa kama hicho ungetutosha kwa juzuu nyingine kumi.

Au njooni karibu. Lamu, mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20, Habib Swaleh, sharifu mwenye asili ya Ngazija, aliingiza maulidi ya Habshi, yanayosomwa kwa matari. Akawafundisha elimu watu ambao waungwana wa mji hawakuwahesabu, wakiwemo watumwa na wazao wao. Alipingwa. Walioona matari hayana mahali katika ibada walikuwa na hoja zao, na wapo wenye hoja hizo mpaka leo. Msikiti wa Riyadha upo, na kila Mfungo Sita, mwezi wa maulidi, watu wanamiminika Lamu kutoka mwambao wote. Nani anasikiliza nini, kwa chombo gani, na nani anaruhusiwa kukishika: mabishano yale yalikuwa ya dhati pande zote. Hapakuhitajika mfalme wa ng'ambo.

2. Mmeifuta kanuni ya sauti.

Hili naliona ni zito kuliko yote. Ukurasa wa mwisho wa juzuu mpya, mhusika mkuu anagundua kwamba nguvu ilikuwa moyoni mwake siku zote na mlio ni pambo tu. Anafumba macho, anatamani, mlima unapasuka. Hakuimba, hakupiga ngoma, hakutoa hata mguno.

Kama mlio ni pambo, Wahifadhi walipoteza maisha yao kulinda upepo. Na Wasikivu waliuliza swali lisilo na maana, kwa sababu nguvu haimo katika kinywa wala katika mlio. Mmewaangusha wote wawili kwa pigo moja.

Katika mapokeo ya Kihindu kuna kisa cha Tvashtri, aliyefanya ibada ili apate mwana wa kumuua mungu Indra. Maneno aliyoyatamka yalikuwa yale yale yaliyotakiwa. Alichokosea ni mkazo: aliuweka mahali pasipo pake, na maana ikageuka kutoka "muuaji wa Indra" ikawa "ambaye muuaji wake ni Indra". Mwana akazaliwa, Vritra, na Indra akamuua. Moyo wa Tvashtri ulikuwa na nia kamili. Haukumsaidia. Ndiyo maana wasomaji wa Veda, maandiko matakatifu ya Kihindu, walijitungia njia za ajabu za kuhifadhi: maneno husomwa moja moja, kisha mawili mawili, kisha kwa kwenda mbele na kurudi nyuma, ili silabi ikidondoka ijulikane papo hapo. UNESCO iliutambua usomaji huo mwaka 2003 kama urithi wa binadamu. Mafundi waliojenga kitu kama hicho hawakuwa wakilinda pambo.

Nitasema la pili kwa adabu, na naomba lisikilizwe kwa adabu. Siilinganishi Qurani na uganga wa kubuni, hasha. Nazungumzia nidhamu ya masikio tu. Aliyekaa chuoni akirudishwa herufi ile ile mpaka itoke kwenye makhraji yake, mahali pake pa kutamkwa, anajua sauti inavyoweza kubeba dhima. Huko Baghdad, Ibn Mujahid, aliyefariki mwaka 936, ndiye aliyeziainisha zile qiraa saba, njia za kuisoma Qurani, zikakubalika. Zama hizo hizo, mwaka 935, msomaji mwingine mkubwa, Ibn Shanabudh, alifikishwa mbele ya waziri Ibn Muqla kwa kusoma visomo vilivyotoka nje ya msahafu rasmi wa khalifa Uthmani. Alichapwa mpaka akaviacha. Huyu alikuwa mwanachuoni, aliyekuwa na walimu wake na mapokezi yake. Mji mkuu wa dola kubwa ulikaa kuamua lipi lisomwe na lipi lisisomwe. Mnaona uzito? Sisi tulijaribu kuupa ulimwengu wetu uzito wa namna hiyo, mkaupeperusha kwa mtu aliyefumba macho.

3. Kijiji cha wapiga ngoma viziwi.

Wasikivu, kama mnavyokumbuka, hawakubaki kwenye swali la kinywa. Walikwenda kukaa na wapiga ngoma viziwi wa bondeni, wanaosimama bila viatu juu ya sakafu ya mbao na kuupokea mlio kwa nyayo na kifua. Hapo ndipo mafundisho yao yalipopata kina. Kama nguvu imo katika mlio, mlio ni kile kinachosikiwa na sikio, au ni ule mtikisiko unaofika mwilini hata pasipo na sikio? Kuna ukurasa ambapo mzee kiziwi anaweka kiganja cha Msikivu juu ya wambo wa ngoma, kisha anakibandua, kisha anakirudisha, mpaka kijana yule anaelewa kwamba yeye ndiye aliyekuwa hasikii. Sijasoma ukurasa bora kuliko ule katika kazi yetu yote.

Katika juzuu mpya kijiji kinazolewa na mafuriko kwa sentensi moja, ili mhusika mkuu ahuzunike kidogo kabla ya vita.

Hao si watu wa ndotoni. Evelyn Glennie wa Uskoti, mpiga ngoma na ala za kugonga anayejulikana dunia nzima, alipoteza sehemu kubwa ya usikivu wake akiwa mtoto, na hupiga bila viatu ili ausikie mtikisiko kwa miguu. Kwetu, Katiba ya Kenya ya 2010 imeitaja lugha ya ishara ya Kenya kuwa mojawapo ya lugha rasmi za Bunge. Wasomaji viziwi walituandikia kuhusu kijiji kile. Walikuwa hawajawahi kujikuta katika hadithi ya uganga wakiwa na ujuzi ambao wengine wanausafiria. Tuwajibu nini?

4. Toleo la kusikiliza.

Sitakaa sana hapa kwa sababu kasoro inasikika yenyewe. Hadithi ambayo kila kitu kinategemea mlio imesomwa kwa sauti moja iliyolala, kama taarifa ya habari. Mdundo wa mvua umesomwa kama maneno: "tu, tu, tuu". Pigo la tatu halikuchelewa. Tari hamkupiga, hata meza hamkugonga. Nilimsikilizisha mpiga msondo mmoja mtu mzima, ambaye hajui kusoma, lile toleo tulilokuwa tukilingoja kwa ajili ya watu kama yeye. Akaniuliza, "Sasa hapa mvua inanyesha kwa lipi?"

5. Sura zilizoondolewa.

Sura ya kinu haimo tena katika chapa mpya ya juzuu ya kwanza. Nayo ile ya kiganja na ngoma haimo. Waandishi wake hawakuarifiwa. Waliona kama wanavyoona wasomaji, kwa kufungua kitabu wakakuta hakuna. Aliyeandika sura ya kinu ni mama aliyetwanga tangu utotoni, na lile pigo la tatu alilitoa mwilini mwake. Alistahili kupigiwa simu.

Najua majibu yatakayokuja, kwa kuwa mengine tumeshayasikia.

Mtasema ni kubuni tu. Naam, ni kubuni, na ndiyo sababu kanuni ni lazima zishikwe. Katika dunia ya kawaida jiwe likianguka hatuhitaji mwandishi atuhakikishie kwamba litafika chini. Katika Mivumo tunamtegemea yeye peke yake. Msomaji aliyetumainia kwamba mlio una kazi amesoma kurasa nyingi kwa tumaini hilo.

Mtasema wasomaji wanapenda vita. Vita ilikuwa inakuja, tena kubwa. Mkulima anayeweza kujinyeshea mvua kwa mchi hamlipi tena Mhifadhi zaka. Mwenye milio atakubali? Watoto wakianza kujaribu midundo ovyo uani na nyumba zikaungua, si Wahifadhi watapata hoja ya kweli kwamba elimu hii ina hatari bila mlinzi? Hizo zote ni vita, na kila mmoja ndani yake ana sababu ya kusimama aliposimama.

Mtasema, na hili nalichukulia kwa uzito wake, kwamba mnaogopa kugusa dini. Woga huo nauelewa. Mimi pia nina dini yangu na sitaki ichezewe. Lakini angalieni mlichochagua badala yake. Mmeandika kwamba mtu anayeuliza swali juu ya mafundisho amehongwa. Hilo linaumiza zaidi, kwa sababu ndilo tusi la kwanza ambalo kila mwenye kuuliza hutupiwa, msikitini, kanisani, hata kwenye vikao vya ukoo. Wasomaji wetu wamekulia barazani, wamewasikia wazee wakibishana juu ya matari, kwaya, magitaa na ngoma katika ibada, kisha wazee hao hao wakaenda kuzikana. Hawahitaji kukingwa na swali.

Na mtasema tulitia saini mkataba. Ni kweli, mkataba unawapa haki ya kuhariri. Hakuna kifungu ndani yake kinachosema sura ya mtu itafutwa bila yeye kujua, wala kinachotutaka tunyamaze.

Sasa maombi yetu.

Rudisheni sura zilizoondolewa, zote, kama zilivyochapwa mara ya kwanza. Ifuteni ile aya ya hongo katika chapa ijayo ya juzuu mpya, na kiongozi wa Wasikivu apelekwe mbele ya baraza la Wahifadhi kama tulivyokuwa tumekubaliana, ajibu na ajibiwe. Siombi Wasikivu washinde. Kwa kweli, kama baraza litaandikwa vizuri, sijui ningekuwa upande gani, kwa sababu yule Mhifadhi mzee anayesema "nimezika wanafunzi watatu kwa mlio mmoja uliokosewa" ananitisha kila nikimsoma. Ninachoomba ni washindane kwa hoja zao.

Andikeni wazi, katika daftari la kanuni tunalofuata sisi wachangiaji, kwamba katika Mivumo hakuna kinachotendeka bila mlio. Kama mhusika mkuu ni lazima aupasue mlima, aupasue kwa sauti, na tumsikie akijifunza na akikosea.

Kabla ya kalamu ya yeyote kugusa tena kijiji cha bondeni, kaeni na wasomaji viziwi, mkiwa na mkalimani wa lugha ya ishara anayelipwa, muwasikilize wanataka kijiji kiwe na nini. Mafuriko yanaweza kubaki, maana mabonde hufurika. Ila wapiga ngoma wale wangeyajua maji yanakuja kabla ya mtu yeyote mwenye masikio, na jambo hilo halikumjia aliyeandika ile sentensi.

Toleo la kusikiliza lirekodiwe upya na msimulizi akae na mpigaji. Wapo wapiga ngoma na matari walio tayari kuifanya kazi hiyo. Majina nitawapa mkiyataka.

Mwisho, tunaomba jibu la maandishi kwa wachangiaji wote kabla juzuu ijayo haijakwenda mtamboni. Sura ya baraza la Wahifadhi na Wasikivu ninayo, imekamilika. Naishikilia mpaka nijue itaingia katika ulimwengu upi, ule wa mlio au huu wa juzuu mpya, na siku sura za wenzangu zitakaporudishwa nitaikabidhi siku hiyo hiyo.

Wenu kwa heshima,

Mchangiaji, kwa niaba yangu na ya wachangiaji wenzangu wa sura za Wasikivu